Nadharia, maswali yaliyofanywa au kiwandani: wapi pa kuanzia uhandisi wa chakula ukiwa Tanga

Mtu wa Tanga anayetaka kusoma uhandisi wa chakula hana haja ya kutafuta mifano mbali. Maziwa ya wafugaji wadogo yanafika vituo vya kukusanyia kila asubuhi kabla ya kwenda kwenye viwanda kama Tanga Fresh. Msimu wa machungwa ukikolea Muheza, bei inaporomoka kwa wingi wa mzigo. Pangani kuna nazi, pwani wanaanika dagaa, na Lushoto kuna plamu na mapeasi ya nyanda za baridi. Kinachowatatiza wengi ni namna ya kusoma. Fani hii imejaa hesabu za masi, joto, mtiririko, ukaushaji na ubaridi, na mwanafunzi mwenye hela ya kitabu kimoja na bando la kubana hawezi kushika kila kitu kwa pamoja. Lazima achague.

Ninalinganisha njia nne: kitabu cha nadharia, mkusanyiko wa maswali yaliyofanywa hatua kwa hatua, maswali yenye jibu la mwisho peke yake, na mafunzo kwa vitendo. Video nitazigusia kidogo. Msimamo wangu nautoa mapema: kwa anayeanza, hasa aliyekwama kwenye mizania ya masi na ya joto, yaani hesabu za kinachoingia na kinachotoka, maswali yaliyofanywa yanamtoa haraka kuliko njia nyingine yoyote. Lakini yana wakati wake wa kuachwa, na kuna sura moja ya fani hii ambayo ukiyategemea peke yake unahatarisha maisha ya mlaji.

Swali la dagaa

Chukua swali la kawaida kabisa. Kilo 100 za dagaa wabichi zina maji asilimia 75. Wanakaushwa hadi wabaki na maji asilimia 12. Yametoka maji kilo ngapi?

Kitabu cha nadharia kitakupa kanuni: masi inayoingia ni sawa na inayotoka, ukijumlisha na iliyobaki ndani. Mwanafunzi anaikubali bila ubishi. Kisha anashika kalamu, anaandika 75 kutoa 12, anapata kilo 63, anapiga mstari chini ya jibu. Amekosa.

Mkusanyiko mzuri wa maswali yaliyofanywa unakwenda hivi. Unachora kisanduku, mshale mmoja unaingia, miwili inatoka, mmoja wa dagaa wakavu na mmoja wa mvuke. Unaandika msingi wa hesabu: kilo 100 za dagaa wabichi. Halafu unauliza ni kitu gani hakibadiliki. Ni yabisi, yaani kila kilichomo kwenye dagaa ambacho si maji. Kilo 25 zinaingia, kilo 25 zinatoka. Kwenye dagaa wakavu hizo kilo 25 ni asilimia 88 ya uzito wote, kwa hiyo uzito wao ni 25 gawanya kwa 0.88, kilo 28.4. Maji yaliyotoka ni 100 kutoa 28.4, kilo 71.6. Mwisho unahakiki: ndani ya dagaa wakavu yamebaki maji kilo 3.4, na 3.4 katika 28.4 ni asilimia 12. Hesabu imefunga.

Mfanyabiashara aliyepiga hesabu kwa ile njia ya kwanza alitarajia kilo 37 za dagaa wakavu. Atapata 28 na kidogo. Karibu robo ya mzigo alioutegemea haupo, na hakuna mtu aliyemwibia. Asilimia 75 ilikuwa ya uzito wa mwanzo na asilimia 12 ni ya uzito mwingine kabisa, kwa hiyo huwezi kutoa moja katika nyingine. Kanuni ya kitabu haikukosea popote, ila ilinyamaza pale mwanafunzi alipohitaji kuoneshwa mkono unavyokwenda.

Ukishakutana na ile hatua ya "nini hakibadiliki" katika maswali matatu manne, inakukaa. Juisi ya machungwa kilo 1,000 yenye yabisi asilimia 11 inavukizwa hadi ifike asilimia 44. Yabisi ni kilo 110. Gawanya kwa 0.44, unabaki na kilo 250, maana yake maji kilo 750 yameondoka. Mtambo ni mwingine na chakula ni kingine, lakini njia haijabadilika hata kidogo. Kitabu cha nadharia kinaweza kukueleza hilo kwa sentensi moja, lakini sentensi hiyo itakuingia vizuri baada ya kuyaona maswali yenyewe.

Jambo hili limepimwa pia. Mwaka 1985 John Sweller na Graham Cooper, huko Australia, waliwalinganisha wanafunzi wa aljebra: wengine walipewa mifano iliyofanywa waisome, wengine wakaachwa wapambane na maswali wenyewe. Waliosoma mifano walitumia muda mfupi kujifunza, na walipojaribiwa kwa maswali ya aina ileile walifanya haraka na kwa makosa machache. Maelezo ya Sweller ni kwamba anayeanza anapolisaka jibu, akili yake yote inamezwa na msako, haibaki nafasi ya kuona mpangilio wa swali. Nayo habari ya upande wa pili ni muhimu vilevile: mwaka 2003 Slava Kalyuga na wenzake, Sweller akiwamo, walieleza kwamba mifano inayomsaidia anayeanza humrudisha nyuma aliyekwisha kujua. Kwa hiyo ukiona unasoma ufumbuzi na unajua mstari unaofuata kabla hujaufikia, funga. Umeshapita hapo.

Si kila desa ni ufumbuzi

Madesa yanayouzwa kwenye steshenari, kopi ya kopi hadi herufi zimefifia, mengi yana fomula, namba zilizopachikwa, na jibu. Hayo yanakufundisha kukariri. Kabla ya kulipia kopi, fungua swali moja la katikati, usifungue la kwanza, kwa sababu la kwanza huwa limepambwa. Je, kuna mchoro? Msingi wa hesabu umetajwa? Vipimo vimeandikwa kila mstari, au vinaibukia kwenye jibu tu? Namba ambayo haikuwamo kwenye swali, kwa mfano joto mahususi la maziwa la 3.9 (kilojoule za kupasha kilo moja kwa nyuzi moja), imeelezwa imetoka wapi? Jibu limehakikiwa? Mimi nikikosa mchoro na asili ya namba, narudisha, hata kama maswali ni mia mbili.

Kuna jambo jingine la kuangalia ambalo linawaangusha watu wenye bidii kabisa. Makusanyo mengi yametoka Marekani, na humo joto limeandikwa kwa Fahrenheit, masi kwa ratili, nishati kwa BTU. Ile namba ya ajabu ya nyuzijoto 121.1 inayotawala hesabu za vyakula vya kopo asili yake ni hiyo: ni Fahrenheit 250 iliyogeuzwa. Vivyo hivyo nyuzi 63 za kupasteraiza maziwa kwa nusu saa ni Fahrenheit 145, na nyuzi 72 za sekunde 15 ni Fahrenheit 161.

Kugeuza joto la kitu ni rahisi, kila mtu anajua kutoa 32 kisha kuzidisha kwa 5 na kugawa kwa 9. Shida inakuja kwenye tofauti ya joto. Swali linasema thamani ya z, yaani joto lipande kiasi gani ili muda wa kuua vijidudu upungue mara kumi, ni Fahrenheit 18. Mwanafunzi anatoa 32, anazidisha, anagawa, anapata nyuzi 7.8 chini ya sifuri, anaendelea na kazi. Jibu sahihi ni nyuzi 10, kwa kuwa z ni umbali kati ya joto mbili na 32 haihusiki kabisa; unazidisha 18 kwa 5, unagawa kwa 9, basi. Ufumbuzi mzuri unalisema hilo kwa mstari mmoja. Mbovu unaandika 10 bila neno, na wewe unabaki kukubali.

Kwa hiyo bei zikiwa sawa, chagua mkusanyiko unaotumia kilo, joule na Selsiasi, hata kama maswali ni machache.

Pale ambapo nadharia haina mbadala

Kuua vijidudu kwa joto ndiyo sura niliyoitaja mwanzoni. Kwenye makusanyo utakuta swali hili: D kwa nyuzi 121.1 ni dakika 0.21, z ni nyuzi 10, tafuta muda wa kupunguza vijidudu kwa logi 12. Unazidisha 0.21 kwa 12, unapata dakika 2.52. Joto likishuka hadi 111.1, muda unakuwa mara kumi, dakika 25.2. Mwanafunzi yeyote anaweza kuyamudu haya jioni moja.

Sasa muulize hiyo 12 imetoka wapi. Muulize kwa nini kijidudu kinachopigiwa hesabu ni Clostridium botulinum na si wale wanaochachusha maziwa. Kwa nini juisi ya chungwa au achari ya embe, ambazo pH yake (kipimo cha uchachu; ikiwa ndogo, uchachu ni mkali) iko chini ya 4.6, hazihitaji joto kubwa kiasi hicho? Na dakika hizo zinaanza kuhesabiwa wapi, kwenye mvuke wa nje au katikati ya kopo, pale ambapo moto unachelewa kufika? Ufumbuzi haukujibu hata moja kati ya hayo, kwa sababu swali halikuuliza.

Kitabu cha nadharia kinajibu. D ni muda wa kuua tisa katika kila kumi kwa joto fulani, kwa hiyo logi 12 ni kama kuanza na mbegu za kijidudu trilioni moja na kubaki na moja. Kiwango kimewekwa juu hivyo kwa sababu sumu ya kijidudu hiki inaua, na mbegu zake zinastahimili maji yanayochemka. Tumia hesabu ileile kwa nyuzi 100 uone: muda unakuwa dakika 325 hivi, zaidi ya saa tano, tena hapo tunazungumzia katikati ya kopo. Ndiyo maana samaki wa kopo hawatengenezwi kwa sufuria ya kawaida. Inatakiwa mitambo ya mvuke wenye shinikizo. Mtu aliyejua 2.52 bila kujua haya anaweza kwenda kufunga samaki kwenye chupa nyumbani akiamini amepika vya kutosha. Naliandika hili kwa uzito wote: jibu la swali la darasani si ratiba ya kupikia bidhaa ya kuuza. Ratiba hiyo hupimwa kwa bidhaa yenyewe, kopo lenyewe na mtambo wenyewe, na mwenye nia ya kuuza aanzie Shirika la Viwango (TBS), ambalo tangu 2019 ndilo linalosimamia usalama wa chakula Tanzania Bara.

Mtiririko wa vimiminika nao unakwenda vizuri zaidi na nadharia. Unaweza kuhesabu namba ya Reynolds siku nzima, chini ya 2,100 mwendo tulivu, juu ya 4,000 mwendo wa vurugu, na bado usijue kwa nini uji mzito au asali havifuati mahesabu ya maji. Soma sura kwanza, maswali baadaye.

Maswali yenye jibu la mwisho tu

Haya watu huyadharau, wanaona ni kitabu kilichokatwa. Kwangu ndiyo hatua ya pili. Anayeanza yanamvunja moyo, kwani akikosa hajui alipopotelea. Lakini yule aliyekwisha kusoma ufumbuzi kadhaa wa aina moja anahitaji mahali pa kujaribu bila kushikwa mkono, na jibu la mwisho linamtosha kujua kama amefika. Kama huna, yatengeneze: chukua mkusanyiko wako, funika ufumbuzi kwa karatasi, uache jibu peke yake.

Video zina faida moja kubwa, nayo ni kukuonesha mtambo ambao hujawahi kuuona ukifanya kazi, kwa mfano kivukizi au mashine ya kukausha maziwa kwa kunyunyiza. Kwa hesabu sizipendekezi sana. Mwalimu anaandika, wewe unatikisa kichwa, mwisho hujashika kalamu, na bando limekwisha.

Vitendo, na hewa ya pwani

Kuna kijana niliyemsikia akiongea na fundi wa majokofu kwenye kituo cha maziwa. Alikuwa field, na alikuwa amefanya kazi yake vizuri: lita 500 za maziwa ni kilo 515, joto mahususi 3.9, kutoka nyuzi 34 hadi 4. Jumla kilojoule 60,255. Kwa saa tatu, inakuwa kilowati 5.6.

"Shikamoo fundi. Nimepiga hesabu, tangi hili lilihitaji kilowati 5.6 tu. Mbona mtambo wake ni mkubwa hivi?"

"Marahaba mwanangu. Hesabu yako imeuliza humu ndani saa sita mchana kuna joto gani?"

Haikuuliza. Ufumbuzi alioufuata ulihesabu joto la maziwa peke yake. Haukuhesabu joto linalopenya ukuta wa tangi na mfuniko unaofunguliwa kila mfugaji anapokuja na dumu lake, wala kwamba mtambo wa ubaridi unaotupa joto lake kwenye hewa ya nyuzi 32 unafanya kazi kwa tabu kuliko ule uliokaa kwenye hewa ya nyuzi 20. Kijana hakukosea hesabu. Swali lilikuwa limekatwa ili litoshee ukurasa. Hilo hulioni kwenye mkusanyiko wowote, hata uwe mzuri vipi.

Dagaa nao wana lao. Sehemu nyingi za pwani wanachemshwa kwenye maji ya chumvi kabla ya kuanikwa. Basi yabisi zinazoingia kwenye kisanduku chetu si za samaki peke yake, kuna chumvi imeongezeka, na baadhi ya vitu vya samaki vimebaki kwenye sufuria. Mizania ile ya kilo 25 kwa 25 inabidi ianzie baada ya kuchemsha. Ukisimama pale kwenye chanja utaliona mara moja.

Na hewa yenyewe. Maswali ya ukaushaji ya vitabu vya nje hupenda hewa ya nyuzi 20 yenye unyevuanga asilimia 50. Kila kilo ya hewa kavu ya aina hiyo imebeba maji gramu 7 hivi. Chukua siku ya masika Tanga, nyuzi 30 na unyevuanga asilimia 80: ni gramu 21 na nusu, mara tatu. Pasha zote mbili hadi nyuzi 60. Hewa ya kitabuni inashuka hadi unyevuanga asilimia 6, ya kwetu inagota 17. Bado inakausha, lakini taratibu zaidi, na mwishoni, bidhaa inapokaribia kukauka, tofauti inaonekana wazi. Aliyenakili ukubwa wa kikaushio kutoka kwenye ufumbuzi wa kitabu bila kubadili namba za hewa atajenga kidogo kuliko anachohitaji. Hapa maswali yaliyofanywa yanarudi kuwa na faida: chukua ufumbuzi huohuo, badilisha hewa tu, fanya upya mstari kwa mstari. Sijui zoezi bora kuliko hili kwa mwanafunzi wa pwani.

Kwa hali yako

Kama ndiyo unamaliza kidato cha sita na unajiandaa kwenda SUA Morogoro kusoma sayansi na teknolojia ya chakula, nunua mkusanyiko wa maswali yaliyofanywa, kitabu cha nadharia utaazima maktaba. Hesabu za mwaka wa kwanza ndizo zinazowashtua watu.

Kama umetoka uhandisi wa kemikali au wa mitambo na umeajiriwa kiwanda cha chakula, fanya kinyume. Mizania unaijua. Mifano itakuchosha tu. Unachokosa ni chakula chenyewe: vijidudu, pH, namna wanga na protini zinavyobadilika kwa moto. Soma nadharia, kisha shinda na mafundi.

Mama anayekamua juisi au kusindika mtindi nyumbani haihitaji sura ya namba ya Reynolds. Anahitaji maswali yasiyozidi kumi na mbili yaliyofanywa vizuri kwa Kiswahili: kuchanganya sukari hadi kiwango fulani, kupungua uzito kwenye kukausha, nishati ya kupasha moto na gharama yake, na muda wa kupasteraiza. Hayo akiyaweza kwa kikokotoo cha simu, anapanga bei kwa uhakika. Mwalimu au mwanafunzi yeyote mwenye ujuzi anaweza kumwandalia, na ningependa kuona kazi hiyo ikifanywa.

Na mnaosoma kwa diskasheni, kundi la watu wanne au watano linatosha. Swali la kwanza someni ufumbuzi wote, kila mmoja aeleze hatua moja kwa maneno yake, kwa nini imefanywa na si imefanywaje. La pili, funikeni mstari wa mwisho muumalizie. La tatu, funikeni nusu. La nne, bakini na mchoro na msingi wa hesabu peke yake. La tano litungeni wenyewe kwa muhogo, nazi au maziwa ya hapo hapo, na mmoja apeleke jibu kwa mtu anayeifanya kazi hiyo kila siku, amuulize kama namba inaingia akilini. Anzeni na vipimo, kisha masi, kisha joto, kisha ukaushaji. Ubaridi na vyakula vya kopo viacheni hadi mtakapokuwa na kitabu cha nadharia mezani.